Mahoro Ameingia Brigedi

Kila neno katika hadithi hii ni kweli tupu. Msimulizi anaapa kwa meno yake yote, hata yale yaliyokwisha kung'oka. Mtu akikuta humu uongo, hata mdogo kama dagaa, msimulizi atapiga gwaride mchana kweupe. Ataanzia kwenye bomba la maji, atapita katikati ya soko, atafika mlango wa kanisa, na ndoo ya maji kichwani. Ameshaapa. Sasa sikilizeni.

Huko Dzaleka, kambi ya wakimbizi nchini Malawi, karibu na bomba la maji, anaishi Niyongabo. Ni Mrundi. Kazi yake ni kutengeneza baiskeli. Vijana wa kabaza, wale wanaobeba abiria kwa baiskeli, wote wanamjua. Mnyororo ukikatika, wanasema, "Peleka kwa Niyongabo." Breki zikigoma, "Peleka kwa Niyongabo." Mke wake, Spès, anakaanga mandazi na kuyauza njiani. Binti yao anaitwa Mahoro. Kwa Kirundi, mahoro ni amani. Niyongabo mwenyewe ndiye aliyechagua jina hilo.

Jumatatu moja, Niyongabo alikuwa ananyoosha gurudumu lililopinda. Akamwona Mahoro anatoka bombani na ndoo kichwani. Lakini hakutembea kama siku zote. Alitembea wima, kifua mbele. Alipofika kwenye kona ya nyumba, akasimama. Akabana miguu. Akageuka kwa mara moja, pa! Kisha akaendelea.

Baba akamtazama.

"Mahoro, mguu unakuuma?"

"Hapana, baba."

"Basi mbona unatembea kama mlango unaofungwa?"

Mahoro akacheka. Akatua ndoo.

"Niko nafanya mazoezi, baba. Kapiteni alisema tugeuke bila kutikisa kichwa."

"Kapiteni? Kapiteni gani?"

"Kapiteni wa brigedi."

Spana ikamponyoka Niyongabo. Ilianguka kwa kishindo hata kuku wa jirani wakakimbia. Mmoja wao alikimbia mpaka mpakani, na hadi leo hajarudi.

"Sema tena," alisema baba.

Mahoro hakuona uso wa baba yake. Furaha ilimjaa, maneno yakatoka mbiombio.

"Mi niliingia brigedi, baba! Ni wasichana tu. Tuko kompani nzima. Tuna inifomu, tuna filimbi. Jumamosi asubuhi gari litakuja kutuchukua, tunaenda Lilongwe. Na kapiteni amenichagua mimi. Mi njo nitabeba drapo, ile bendera yetu!"

Brigedi. Kapiteni. Kompani. Gari. Drapo. Kila neno lilimwangukia Niyongabo kama jiwe.

Neno moja linaweza kuwa mkate kwa mtu huyu, na jiwe kwa mtu yule. Kule kilimani alikozaliwa Niyongabo, wakati wa vita, brigedi lilikuwa jina la watu wenye bunduki. Walifika nyumbani kwao siku moja, yeye akiwa mtoto. Kaka yake, Sylvain, alikuwa anapeta maharage. Wakamwambia, "Brigedi inakuhitaji. Utarudi jioni." Sylvain akaweka chini ungo, akaenda. Mama yao hakuugusa ungo ule. Maharage yakakaa humo mpaka yakaota, mpaka yakanyauka. Sylvain hakurudi, si jioni ile, si jioni nyingine.

Sasa mtoto aliyemwita Amani amesimama mbele yake, anasema ameingia brigedi.

"Huendi," alisema Niyongabo.

"Baba?"

"Huendi Lilongwe. Huendi brigedi. Hiyo inifomu, irudishe."

"Lakini baba, ni mambo ya Mungu! Tunasali kwanza!"

"Hata wale walikuwa wanasali," alisema baba.

Mahoro akaingia ndani. Hakulia kwa sauti. Baba yake angependa alie kwa sauti, maana kilio cha kimya kinapita ukutani.

Spès aliporudi na karai lake tupu, alimkuta mumewe amekaa juu ya gurudumu.

"Baba Mahoro, kuna msiba?"

"Ulijua kama mtoto ameingia brigedi?"

"Nilijua ameingia kikundi cha kanisa. Mama Solange aliniuliza kule sokoni kama nakubali. Nikakubali."

"Ulimuuliza kikundi kinaitwaje?"

"Sikumuuliza."

"Ulimuuliza wanafanya nini?"

"Nilikuwa na mandazi kwenye mafuta, mume wangu. Yangeungua. Kama una wasiwasi, nenda kaulize."

Niyongabo akatikisa kichwa. "Nani huenda kuuliza brigedi? Kwetu, brigedi njo ilikuwa inauliza watu."

Hapo ndipo anapoingia Havyarimana. Huyu ni mzee mstaafu, aliyekuwa dereva wa lori. Ni mtu mrefu, shujaa, mzuri wa sura, mwenye akili nyingi. Watu wote husema hivyo. Alikuja kumsalimu rafiki yake.

"Umefuata harufu ya mandazi," alisema Spès. "Yamekwisha."

"Mi nimefuata urafiki, shemeji," alisema Havyarimana, akichungulia karai. "Haya, kuna nini hapa? Mbona mnanuna?"

Niyongabo akamweleza. Havyarimana akasikiliza, mkono kidevuni, kama daktari.

"Kuna inifomu?"

"Iko."

"Kuna filimbi?"

"Iko."

"Kuna kapiteni?"

"Iko."

"Basi, ndugu yangu, kitu chenye kapiteni na filimbi, kama si timu ya mpira, ni jeshi. Mi najua. Lori langu lilishabeba majeshi matatu na tembo."

"Tembo?" aliuliza Spès.

"Mdogo," alisema Havyarimana. "Sikiliza, Niyongabo. Mi nina binamu kule Mitundu, analima mahindi. Ijumaa mfiche mtoto kule. Gari likija Jumamosi, halimkuti."

Niyongabo alikubali kwa kichwa. Lakini Spès akaweka karai chini, kwa nguvu.

"Sikiliza, Baba Mahoro. Tulishakimbia sana. Tulikimbia risasi, sawa. Tulikimbia njaa, sawa. Sasa tutakimbia filimbi? Wanafanya mazoezi Jumatano, nyuma ya kanisa. Nenda kwanza ukaone kwa macho yako. Kama ni kitu kibaya, mi mwenyewe nitafunga mizigo."

Jumatano mchana ikafika. Niyongabo na Havyarimana wakaenda nyuma ya kanisa. Hawakupita mlangoni. Havyarimana alisema mpelelezi hapiti mlangoni. Wakajibanza nje ya ukuta wa matofali. Ukuta ule ni mrefu kama twiga wawili, mmoja amesimama juu ya mwingine.

Ndani, filimbi ililia.

"Kompani! Mbele, tembea!"

Niyongabo akafumba macho. Akasikia miguu. Kushoto, kulia, kushoto, kulia.  Alipata tundu kwenye matofali, akachungulia.

Aliona wasichana. Wengine wakubwa, wengine wadogo mpaka soksi zinawafika magotini. Shati jeupe, sketi ya bluu. Walitembea kwenye mstari, wakageuka kwenye kona, pa! Mbuzi aliyekuwa kando akapiga saluti. Hakuna bunduki. Mmoja alishika kamba ya kuruka. Mwingine alishika Biblia. Mbele yao alikuwa mama mmoja mwenye filimbi, ameifunga futi ya mshonaji shingoni. Ni Solange, mshonaji kutoka Bukavu, Kongo. Niyongabo alimjua. Aliwahi kumtengenezea cherehani ilipokwama gurudumu.

"Kapiteni njo huyu?" alinong'ona. "Mama wa cherehani?"

"Usidanganyike," alinong'ona Havyarimana. "Majasusi wengi wanajua kushona."

Halafu Niyongabo akamwona Mahoro. Hakuwa kwenye mstari. Alikuwa anakuja na nguo mikononi, zimekunjwa vizuri. Sketi, shati, na kitambaa cha shingoni juu yake. Akampa Solange.

"Nimerudisha, kapiteni."

"Kuna nini, mwanangu? Ziko nakubana?"

"Hapana. Baba amekataa."

"Kwa sababu gani?"

"Sijui. Hakuniambia. Lakini tuliahidi kuwatii wazazi." Akanyoosha kitambaa kilichokaa juu. "Drapo mumpe Gabriella. Yeye pia anajua kugeuka. Ila anatikisa kichwa kidogo."

 Solange hakumkemea, hakumsema baba yake. Alisema tu, "Umefanya vizuri kumtii baba. Leo jioni mi nitakuja kwenu, tuzungumze na yeye. Pengine ameona kitu chenye mi sikuona."

Nyuma ya ukuta, Niyongabo aliondoa jicho kwenye tundu. Mtoto amemtii, na hata sababu hajui.

"Wanasema nini? Mi sioni," alisema Havyarimana. Akaanza kupanda ukuta. Alipanda kwa ushujaa, kama simba. Akafika juu. Lakini matofali ya juu yalikuwa ya udongo, na mvua ilishayala. Yakaachia. Havyarimana akaruka upande wa ndani, akatua katikati ya wasichana. Mguu ukapinda. Havyarimana hakulia.

Wasichana wakashtuka, lakini hawakukimbia. Solange akapuliza filimbi.

"Batoto, tulieni! Mtu ameumia. Tunafanya nini kwanza?"

Mahoro alikuwa wa kwanza kupiga magoti.

"Mzee, usisimame. Nionyeshe panapouma."

"Hapa! Hapa kwenye kifundo! Leteni maji ya moto! Nisugueni!"

"Hatusugui, mzee. Ukisugua utavimba zaidi. Naweza kukushika mguu?"

Alimvua kiatu polepole. Akatazama kama mfupa umetokeza au mguu umekaa vibaya. Akamwambia achezeshe vidole. Vidole vikacheza. Msichana mdogo, Merveille, akaleta maji baridi kwenye kikombe. Mahoro akachukua kile kitambaa alichokuwa amerudisha sasa hivi. Akakilowesha, akamzungushia kifundo.

"Inakubana sana?"

"Kidogo."

"Vidole vinakufa ganzi?"

"Havifi."

"Vizuri. Vikifa ganzi au vikibadilika rangi, sema, tulegeze." Akaweka mguu juu ya kiti kidogo. "Ukae hivi. Kesho ukishindwa kukanyaga, lazima uende kliniki. Usiende kwa mtu wa kuvuta mguu."

Wakati huo Niyongabo alikuwa anazunguka ukuta, anatafuta njia ya kuingia. Alifika kwenye lango. Lilikuwa wazi. Lilikuwa wazi tangu mwanzo. Juu ya benchi, karibu na lango, walikaa kina mama wawili wanatazama watoto wao huku wanachambua mboga.

Akaingia. Solange akamwona, akaona na ukuta uliobomoka, akaelewa.

"Aka! Baba Mahoro! Mlango iko wazi kila Jumatano. Kwa nini mmepita huko juu?"

 Niyongabo akamtazama Mahoro aliyekuwa bado amepiga magoti. Kisha akamwambia Solange kwa sauti ndogo, "Mama, mi naogopa brigedi."

Solange hakucheka. Aliwaambia wasichana wakacheze kamba. Akamkaribisha Niyongabo kwenye benchi. Pale, kwa mara ya kwanza Dzaleka, Niyongabo akaeleza habari ya Sylvain. Alieleza habari ya ungo na maharage. Mahoro alisikia yote, maana hakwenda kucheza kamba.

Baba alipomaliza, Solange aliweka filimbi chini.

"Baba Mahoro," alisema, "mi natoka Bukavu. Siku ya kwanza kusikia jina hili hapa Malawi, nywele zilinisimama. Nikasema, brigedi tena? Nikauliza, nikaelezwa, nikazoea. Kisha nikasahau kama bantu wengine bado hawajazoea. Nilitangaza kanisani, kwa Kifaransa, mara moja. Kwenu sikufika. Kwa mama nikauliza sokoni, akiwa kwenye mafuta ya moto. Hilo njo kosa langu."

"Basi hii brigedi ni nini?"

"Ni chama cha Kikristo cha wasichana. Kilianza Ulaya, zamani. Leo kiko katika nchi nyingi, na Malawi kiko. Brigedi hapa maana yake ni kundi lenye utaratibu, basi. Kompani ni kundi la kanisa moja. Kapiteni ni mama anayewaongoza. Wasichana wanasali, wanasoma Biblia, wanacheza. Wanajifunza kushona, kupika, kuhudumia mgonjwa, kusaidia wazee. Gwaride linawafundisha kusikiliza na kwenda pamoja."

"Na bunduki?"

Merveille alikuwa anapita na kamba yake. Akasimama.

"Bunduki?" alisema. "Sisi hata kisu cha kukata nyanya, kapiteni anashika mwenyewe!"

Hata Niyongabo akacheka. Havyarimana hakucheka, maana mguu ulikuwa unamuuma.

"Sasa nisikilize vizuri, baba," alisema Solange. "Usione haya. Umeogopa vizuri. Kosa ni moja tu, hukuuliza. Si kila mtu anayeita wasichana ni mtu mwema. Kuna wenye kuja na ahadi za kazi mjini. Kuna wenye kutumia hata jina la Mungu. Mzazi lazima aulize. Uliza nani anaongoza, na nani anamjua. Uliza wanakutana wapi. Uliza kama unaweza kufika siku yoyote bila kualikwa. Mtu akikwambia mzazi haruhusiwi kuona, au akimwambia mtoto hii ni siri yetu, hapo mchukue mtoto wako na ukimbie."

"Na safari? Hii ya Lilongwe?"

"Tunaenda kwenye kanisa moja huko Kawale. Kompani nyingine zitakuja, za Area 36, za Mitundu. Tutaimba, tutasali, tutapiga gwaride. Ruhusa ya kutoka kambini tumeshaomba kwa wote. Viongozi ni mama wawili, hakuna mtoto anayebaki peke yake na mtu mzima mmoja. Tunaondoka asubuhi. Tutarudi jioni."

Tutarudi jioni. Niyongabo alisikia maneno hayo, akashika ukingo wa benchi kwa mikono yote miwili. Mahoro aliona. Akaja, akaketi karibu naye.

"Baba," alisema, "nisipokwenda si kitu. Sikujua habari ya baba mkubwa Sylvain. Ungeniambia, nisingelia."

Niyongabo alitazama mguu wa Havyarimana, ulivyofungwa vizuri. Alitazama lango lililo wazi.

"Mama Kapiteni," aliuliza, "mzazi anaweza kupanda gari hilo?"

"Tulikuwa tunatafuta mzazi wa kutusindikiza. Kila mtu anasema ana kazi."

"Baiskeli zitaningoja," alisema Niyongabo. Kisha akamgeukia binti yake. "Chukua nguo zako. Kitambaa tutamwomba mzee aturudishie."

"Kioshwe kwanza," alisema Mahoro.

Jumamosi asubuhi gari likaja. Niyongabo alipanda wa kwanza, akakaa karibu na dereva. Njia nzima alimwuliza dereva mambo ya breki, mpaka dereva akaanza kuendesha polepole kwa heshima. Huko Kawale, kwenye mlango wa kanisa, mzee mmoja Mmalawi alikuwa anapokea wageni. Alimpa Niyongabo mkono, akamwuliza wametoka wapi, ni kundi gani.

 Neno lile lilikuwa halijawahi kutoka kinywani mwake bila hofu.

"Brigedi," alisema. "Sisi ni Brigedi ya Dzaleka."

"Zikomo, bambo, zikomo!" alisema mzee yule, asante, baba, asante. Akamwonyesha kiti cha mbele.

Ngoma zikapigwa. Zilipigwa kwa nguvu hata nyanya zote za soko la Kawale zikashuka mezani na kujipanga mstari. Kompani ya Dzaleka ikaingia, Mahoro mbele na bendera. Upepo ulikuwa mkali. Uliishika bendera, ukaivuta upande. Mti wa bendera ukainama. Niyongabo akasimama nusu, mikono mbele, kama mtu anayetaka kudaka baiskeli inayoanguka. Mahoro akabana kiwiko. Mti ukanyooka. Alipofika kwenye kona akabana miguu, akageuka kwa mara moja, pa! Hakutikisa kichwa.

Baadaye wote walikula nsima, ugali wa huko, na maharage, wasichana wa Malawi, wa Kongo na wa Burundi, sahani zikichanganyika. Niyongabo alitazama maharage yale kwa muda. Kisha akala, na akaongeza.

Dzaleka, Spès alikuwa hajauza hata andazi moja tangu saa tisa. Alisimama njiani, anatazama barabara. Gari likatokea. Likasimama. Akashuka mumewe. Nyuma yake akashuka Mahoro, soksi zimejaa vumbi, anaimba.

Jua lilikuwa bado juu ya mapaa. Brigedi ilisema atarudi jioni, na alirudi jioni.

Tangu hapo Solange amebadili njia yake. Msichana mpya akija, kapiteni anakwenda kwanza nyumbani kwao. Anaeleza kwa Kiswahili, polepole, neno kwa neno, hasa neno lile moja. Niyongabo huwa anakwenda naye. Mzazi mwingine akishtuka, yeye ndiye anayesema, "Tulia, ndugu. Hata mimi nilishtuka. Njoo Jumatano uone. Lango ni wazi."

Hapa hadithi ilikuwa imekwisha. Sehemu inayofuata imeongezwa kwa amri ya darasa.

Kanisani, kila Jumatano, wasichana wanapofanya mazoezi nje, kuna darasa la watu wazima wanaojifunza kusoma. Spès ni mwanafunzi humo. Siku hadithi hii ilipoletwa darasani, ni yeye aliyepewa kuisoma kwa sauti. Alisoma polepole, kidole chini ya neno. Kwenye kuku aliyekimbia mpaka mpakani, alikunja uso. Kwenye twiga wawili, alikohoa. Kisha akafika hapa:

"Ha-vya-ri-ma-na ha-ku-li-a."

Akasimama. Akarudia. Akainua macho.

"Mzee Havyarimana, hii hadithi nani ameandika?"

Msimulizi, aliyekaa benchi la nyuma, akatazama dirisha.

"Mtu fulani, shemeji."

"Mtu mrefu?"

"Ee."

"Shujaa? Mzuri wa sura?"

"Watu husema."

Darasa likaanza kucheka. Spès akaenda dirishani.

"Mahoro! Siku ile mzee Havyarimana ameanguka, alilia ao hakulia?"

"Alilia, mama!" alijibu Mahoro kutoka uwanjani. "Aliita mama yake!"

"Akatuaga!" alisema Merveille. "Alisema tumpe Niyongabo koti lake!"

"Na ukuta?" aliuliza Spès.

Darasa zima likageuka kutazama ukuta. Ulikuwa pale pale, umefika kifuani mwa mtu. Wakati huohuo mbuzi mmoja akauruka, akapita zake. Hakupiga saluti.

"Shemeji," alisema msimulizi, "wewe juzi tu hukujua hata herufi a. Nani amekufundisha kusoma namna hii?"

"Brigedi," alisema Spès. "Nilikuja kumngoja mtoto, nikachoka kukaa bure. Haya, Mahoro, lete ndoo."

"Maji kidogo tu, mguu bado..."

"Ijae."

Kiapo ni kiapo. Msimulizi alisimama bombani mchana kweupe, ndoo imejaa, kichwani. Soko lote lilikuja. Wasichana walijipanga nyuma yake. Solange aliinua filimbi, lakini hakuipuliza. Alikuwa anamtazama Niyongabo. Niyongabo aliacha baiskeli ya mtu miguu juu. Akafuta mafuta mikononi. Akaja akasimama kando ya njia, kifua mbele.

"Brigedi!" aliita, mpaka wauza nyanya wakageuka. "Mbele, tembea! Kushoto, kulia! Kushoto, kulia! Mzee, usitikise kichwa!"

Maji yalimwagika yote kabla ya kufika kanisani. Na kwa hilo msimulizi haapi tena. Shati lake lililolowa lilionekana na watu wote.